Daftari la Mkimbiaji

Huenda umesikia redioni jina la Eliud Kipchoge wa Kenya. Alishinda mbio za marathoni katika Michezo ya Olimpiki mara mbili: Brazili mwaka 2016 na Japani mwaka 2021. Marathoni ni kilometa 42 na kidogo. Mwaka 2022, mjini Berlin, alizikimbia kwa saa 2, dakika 1 na sekunde 9. Mpaka siku hiyo hakuna aliyekuwa amezikimbia upesi hivyo katika mashindano rasmi.

Watu husema, "Wale wamezaliwa na mbio." Mimi sikubali. Tazama alivyokuwa akijitayarisha.

Kwa miezi kadhaa kabla ya shindano alikaa kambini Kaptagat, mbali na mke na watoto. Nyumbani alikwenda mwisho wa juma tu. Kaptagat iko juu sana, kiasi cha meta 2,400 kutoka usawa wa bahari. Hewa ya huko ni nyepesi, na mwili huzoea kufanya kazi kwa hewa kidogo. Aliamka kabla ya jua. Siku moja alikimbia kasi uwanjani, siku nyingine kilometa 30 au 40 katika barabara ya vumbi. Alikula ugali na mboga, akanywa chai ya maziwa. Usafi walifanya wenyewe, na bingwa naye alisafisha choo. Je, kwenu wakubwa hushika ufagio?

Lakini mimi napenda zaidi habari ya daftari lake. Baada ya mazoezi aliandika kila kitu: amekimbia umbali gani, kwa muda gani, amevaa viatu gani, na miguu imevionaje viatu hivyo. Hakuandikiwa na mtu. Mwalimu wake, Patrick Sang, alimpa mpango wa mazoezi tangu ujana wake huko Nandi. Lakini mwili ni wa mkimbiaji, na anayejua panapouma ni yeye. Goti likiuma leo, nani atakumbuka mbio za wiki tatu zilizopita? Mwenye daftari hufungua akasoma.

Katika madarasa yangu wazee huniuliza, "Mwalimu, sisi tutaandika nini?" Nawajibu: andikeni siku mliyopanda, siku mvua iliponyesha, na debe mlizovuna.

Si kwamba Kipchoge alishinda kila mara. Alikuwa bingwa wa dunia wa meta 5,000 mwaka 2003, lakini mwaka 2012 hakupata nafasi katika timu ya Kenya iliyokwenda Olimpiki ya London. Mwaka uliofuata akaanza marathoni. Mwaka 2024 huko Paris, akiwa na miaka 39, mgongo ulimuuma, akaacha mbio baada ya kilometa 30. Ningependa kusoma ukurasa wa siku ile.