Jangwa Linalonyeshewa Mvua

Huko Marekani, katika jimbo la Arizona, kuna mmea wa jangwani unaofanana na pipa. Wataalamu wanauita Ferocactus wislizeni. Hauna majani. Una mwili mnene wa kijani unaoweka maji ndani, na miiba yake imepinda kama ndoano ya kuvulia samaki. Ukizeeka unaanza kulalia upande wa kusini, hata watu wakauita mmea wa dira. Maua yake hayafanani: huu manjano, ule rangi ya chungwa, mwingine mwekundu. Na wataalamu wamebishana sana kama ndugu zake wa Meksiko ni aina za mmea huohuo ama ni mimea mingine kabisa.

Nimeutaja juu ya sababu moja. Arizona nayo ni nchi ya shaba, sawa na kwetu. Ila kule jangwa limeletwa na kiu. Sisi hapa Kambove tuna jangwa linalonyeshewa mvua karibu miezi sita kila mwaka, na aliyelileta si mwingine, ni shaba yenyewe.

Unashangaa? Twende pole pole. Ukitoka Lubumbashi, barabara inakufikisha Likasi, kilomita 120 hivi, halafu unaendelea nyingine 25 hivi mpaka Kambove. Njiani unapita pori la miombo, au tuseme lile lililobakia, maana makala yamekula miti mingi. Sasa inua macho uangalie vilima. Pale ambapo mitambo haijafika, utaona kilima ambacho miti imekizunguka miguuni kama watu waliosimama kwenye uwanja wa mpira, lakini juu ni kipara: majani mafupi na mawe tu. Mvua inanyesha pale kama inavyonyesha porini. Juu ya nini basi mti hauoti?

Jibu liko kwenye udongo. Udongo wa kawaida una miligramu makumi machache tu za shaba katika kilo moja. Udongo wa kilima cha namna hii unaweza kuwa na gramu 10 na zaidi, tena pamoja na kobalti. Kwa mizizi ya mti wa kawaida, hiyo ni sumu. Wazee wetu waliochimba mukuba na kuuyeyusha, wakatengeneza ile misalaba ya shaba iliyotumika kama mali katika biashara, waliifungua mashimo Kambove zamani kabla Wazungu hawajafika. Watafiti wa Kizungu waliokuja mwanzoni mwa karne ya 20 walikuta mashimo hayo, na wao pia wakajifunza kufuata vipara vya vilima. Mwaka 1913 reli ikafika Kambove. Mengine ya Union Minière, na ya Gécamines baada ya 1967, unayajua. Labda baba yako alikuwa kazini.

Lakini kipara si kitupu. Hapo ndipo penye utamu.

Kwenye mawe ya juu kabisa kuna Xerophyta, kishina cheusi kama kilichoungua. Ukikikuta mwezi wa nane utaapa kimekufa. Ngoja mvua ya kwanza: kinaamka. Chini yake, kwenye mteremko, kuna Crotalaria cobalticola yenye maua ya njano, jamaa ya kunde, na jina lake linakuambia wazi inapenda udongo wa namna gani. Na pale udongo ulipochokorwa na kuachwa wazi, utakuta ua ambalo ningependa ulifahamu kuliko mengine yote: Haumaniastrum katangense, ua la shaba. Ni jamaa ya mrehani. Linaota, linachanua na kufa ndani ya mwaka mmoja, na kuelekea mwisho wa mvua vichwa vyake vya zambarau iliyofifia vinafunika uwanja mzima kama zulia. Lina ndugu yake, Haumaniastrum robertii, ambaye amezoea kobalti sana. Usipokuwa mtaalamu utadhani ni mmoja.

Mbelgiji Paul Duvigneaud ndiye aliyezunguka vilima hivi na kuandika habari za mimea yake mwaka 1958, akaendelea mwaka 1963. Tangu hapo wengine wengi wamefuata, pamoja na watu wa Chuo Kikuu cha Lubumbashi. Mwaka 2010 hesabu ilitolewa: mimea 32 inayoota kwenye udongo wa shaba wa Katanga tu, si mahali pengine popote duniani, na mingine 24 inayopatikana zaidi huko. Mabishano ya aina na ndugu nayo hayakukosa, kama kwa lile pipa la Arizona. Kuna mmea unaoitwa Silene burchellii ambao una umbo moja mbali na shaba, na umbo jingine juu ya kilima. Kisha kuna Silene cobalticola, ndugu wa karibu anayestahimili kobalti kuwapita. Je, ni mtoto aliyehama nyumbani, au ni mtu wa ukoo mwingine? Mimi naona vilima vyenyewe vinajibu: kila kimoja ni kisiwa, pori limekizunguka, na mmea uliofungiwa kisiwani muda mrefu mwishowe unakuwa mwingine.

Sasa swali ambalo kila mtoto anauliza: ua la shaba linakula shaba? Wataalamu walipopima majani ya mimea hii miaka ya 1970 walipata madini mengi ya kutisha. Lakini wewe unayeishi mjini kwa mgodi unajua vumbi lilivyo, linaingia mpaka ndani ya sahani. Mwaka 2007 watafiti waliosha majani vizuri kabla ya kuyapima, na kwa mimea mingi hesabu ikashuka. Sehemu kubwa ilikuwa vumbi lililokaa juu ya jani! Hata hivyo ua la shaba lina siri nyingine, na hii ndiyo inayonipendeza. Lilipopandwa kwenye udongo mzuri wa bustani, usio na shaba, halikunenepa. Vimelea vya kuvu viliingia mizizini na kuliua. Kumbe shaba si chakula chake sana, ni ukuta wake. Mkulima anayenyunyizia nyanya dawa ya shaba ili zisioze anafanya kazi ileile.

Ndiyo maana ua hili limetoka kilimani na kuhamia kwetu. Linafuata udongo uliomwagwa kando ya reli na barabara za kubebea mawe ya madini. Huko Lubumbashi, tanuru la kuyeyushia shaba lililoanza kazi mwaka 1911 lilitupa moshi wake miaka mingi upande wa mtaa wa Penga Penga. Majani ya kawaida yakafa, ua la shaba likaingia. Hata watafuta historia wamelitumia: palipokuwa na matanuru ya mababu karne nyingi zilizopita, udongo bado una shaba, na ua bado linaota pale pale. Ukifuata ua, unafika kwenye majivu ya wazee.

Mama wa nyumba, hapa nina neno kwako. Ukiona ua hili limejiotea lenyewe kwenye kiwanja unachotaka kulima, usipande lenga-lenga wala matembele hapo. Utafiti wa mboga zilizolimwa kwenye udongo wenye madini mjini Lubumbashi umeonyesha kwamba mboga hizo zinabeba madini kupita kiasi kinachofaa kuliwa. Kuosha kunaondoa vumbi, lakini kile kilichopita mizizini hakiondoki. Tafuta kiwanja kingine, au panda kwenye udongo ulioletwa kutoka mbali.

Linabaki jambo zito. Mmea unaoota juu ya shaba tu, nyumba yake ndiyo mgodi. Ua la shaba lenyewe halina wasiwasi, kwa kuwa linapenda udongo uliochimbuliwa. Ndugu zake wa mteremko usioguswa hawako hivyo. Huko Dikuluwe, karibu na Kolwezi, palikuwa na kamea kaitwako Acalypha dikuluwensis. Kalionekana mara ya mwisho mwaka 1959. Kilima kikachimbwa, na mwaka 2012 kakatangazwa rasmi kuwa kametoweka duniani. Sisemi migodi ifungwe. Mimi pia nakula mkate wa shaba, na shule za watoto wetu zimelipwa nayo. Lakini kuna namna. Kule Tenke Fungurume wameshajaribu kukusanya mbegu, kuotesha miche, na hata kukata vipande vya udongo pamoja na majani yake na kuvihamishia mahali ambapo hapatachimbwa. Mbegu nyingine za vilima vyetu zimewekwa kwenye baridi kali katika bustani ya mimea ya Meise, Ubelgiji.

Ukiwa Kambove mwezi wa tatu au wa nne, usingoje mgeni atoke Ulaya kukuonyesha. Panda asubuhi, kabla ya jua kali, ukiwachukua watoto, na msikaribie mashimo. Anzeni chini penye miti, mhesabu hatua mpaka mti wa mwisho. Kutoka hapo angalieni miguuni.