Joan Hickson na Heshima ya Nafasi Ndogo

Juma hili twapenda kutafakari pamoja nanyi maisha ya mwigizaji mmoja wa Uingereza, Joan Hickson. Sisi tuliovuka miaka arobaini twawasikia wenzetu wa rika wakiulizana swali linalowanyima usingizi: lile jambo kubwa tulilolitazamia maishani, litafika lini? Maisha ya mama huyu hutajwa mara nyingi kuwa ndiyo jibu. Nasi twakubali kuwa yana jibu, ila si lile lililozoeleka.

Alizaliwa mwaka 1906 huko Northampton, akasomea uigizaji London, akapanda jukwaani kwa mara ya kwanza mwaka 1927. Tangu hapo, kwa zaidi ya nusu karne, alikuwa mtu wa nafasi za pembeni. Katika filamu ya Carry On Nurse ya mwaka 1959 alikuwa muuguzi msimamizi wa wodi. Mwaka uliofuata, katika Carry On Constable, akawa mwanamke mlevi mikononi mwa polisi. Huonekana dakika chache, kisha hadithi huendelea bila yeye.

Katikati ya miaka ya 1940, mwandishi Agatha Christie alimwona katika tamthilia yake, Appointment with Death, akamwandikia kwamba anatumaini siku moja atamwigiza Miss Marple, yule bibi wa kijijini anayefumbua siri za mauaji. Wakati huo Joan alikuwa na umri wa miaka arobaini hivi. Filamu ya Murder, She Said ilipotoka mwaka 1961, Marple alikuwa Margaret Rutherford; Joan naye alikuwemo, kama mtumishi wa nyumbani. Christie alifariki mwaka 1976 bila kuona tumaini lake likitimia. Mwaka 1984 ndipo televisheni ya BBC ilipomwonyesha Joan, mwenye miaka 78, akiwa Miss Marple. Aliigiza hadithi zote 12, ya mwisho mwaka 1992, akiwa na miaka 86. Alifariki mwaka 1998.

Wasimulizi huhitimisha kwa kusema: subira huvuta heri. Methali hiyo ni ya kweli, lakini twasita kuitumia hapa kwa haraka. Wako waigizaji wengi waliozeeka katika nafasi ndogo, na hakuna aliyewaita kwa nafasi kubwa. Tukisema kwamba miaka ile ya Joan ilikuwa ya kungoja tu, tutakuwa tumewaambia hao wote kwamba maisha yao yalipotea bure.

Ukweli ni kwamba Joan hakuwa akingoja. Alikuwa akifanya kazi. Miaka mitano kabla ya Marple, mwaka 1979, alipewa tuzo ya Tony huko New York kwa nafasi ya pembeni katika tamthilia ya Bedroom Farce, akiwa mke mzee anayekula samaki wa kopo kitandani pamoja na mumewe usiku wa kumbukumbu ya ndoa yao. Alituzwa kwa sababu nafasi hiyo ndogo aliifanya kwa ukamilifu. Hata Marple wake ana alama ya miaka hiyo: hukaa kimya pembeni, akifuma sufu, akisikiliza, wala hakuna anayemtilia maanani. Nani angeijua zaidi hali hiyo kuliko yeye?

Basi wewe mwalimu wa darasa la kwanza, wewe karani, wewe unayemuuguza mzazi chumbani pasipo mtu kukuona, usiihesabu siku ya leo kuwa ni ya kupitia tu kwenda kwingine. Huenda nafasi kubwa ikaja ukiwa na miaka 78. Huenda isije kamwe. Iliyo mikononi mwako leo yastahili kufanywa vema.