Kanda Iliyolala Miaka 20

Mfanyakazi mmoja wa kujitolea alipomaliza muda wake hapa kambini, alituachia flashi iliyojaa muziki wa zamani wa Uingereza. Vijana wa kikundi changu waliisikiliza siku mbili tu. "Kaka, hizi ni za wazee," wakaniambia, wakarudia rumba na Bongo Fleva. Mimi nikabaki na bendi moja, Kaleidoscope.

Walikuwa vijana wanne wa London: Peter Daltrey aliimba, Eddy Pumer alipiga gitaa, Steve Clark besi, Dan Bridgman ngoma. Mwanzoni waliitwa The Sidekicks, wakipiga nyimbo za watu wengine, kama tunavyoanzaga wote. Baadaye wakajiita The Key. Mwaka 1967 kampuni ya Fontana ikawachukua, wakawa Kaleidoscope. Ulikuwa wakati wa ile roki ya saikedeliki: gitaa linalia kama liko chini ya maji, na maneno ni ya mtu anayeota. Mwaka uleule wakatoa albamu ya kwanza, Tangerine Dream.

Redioni walisikika, lakini hakuna wimbo wao hata mmoja ulioingia kwenye orodha ya nyimbo zinazouzwa sana. Albamu ya pili, Faintly Blowing, ikatoka 1969, nayo haikuwatoa. Basi wakabadilisha jina tena, wakawa Fairfield Parlour. Hapo nilicheka peke yangu. Kikundi chetu nacho kimebadilisha jina mara tatu, kila mara tukidhani shida iko kwenye jina.

Mwaka 1970 walipanda jukwaani kwenye tamasha la kisiwa cha Wight, tamasha lilelile alilopiga Jimi Hendrix, watu mamia ya maelfu. Ungesema sasa wametoboa. Wapi! Waliingia studio wakarekodi kazi yao kubwa kuliko zote, White Faced Lady, albamu ya sahani mbili, hadithi moja mwanzo mpaka mwisho. Wakaimaliza. Haikutoka. Bendi ikavunjika, kila mtu akashika njia yake, kanda ikabaki.

Ilitoka mwaka 1991, kwa lebo yao wenyewe. Miaka 20! Waliokuwa vijana walishakuwa watu wazima. Leo sahani zao za kwanza zinauzwa kwa bei kubwa kwa watu wanaokusanya vitu vya zamani.

Hapo ndipo nilipoacha kucheka. Kushindwa kwao nilikuzoea, maana hapa tunashindwa kila wiki. Nilichofikiria ni ile kanda. Kanda haijitunzi. Ilibidi ikae mahali pakavu, asitokee mtu wa kurekodi kitu kingine juu yake, isitupwe siku ya kuhama nyumba.

Sisi tulirekodi nyimbo kumi na moja. Tulizihifadhi kwenye kompyuta ya ofisi moja tuliyokuwa tunaitumia. Siku moja nikaenda nikakuta imesafishwa, wameweka programu mpya. Hakuna aliyefanya kwa ubaya. Walidhani ni mafaili ya watoto. Nyimbo saba zikaenda hivyo.

Katika zile saba, tatu aliimba dada mmoja ambaye familia yake iliamua kurudi nyumbani mwaka jana. Tangu waondoke simu yake haipatikani. Mama mkubwa wake bado yuko hapa, mtaa wa pili kutoka kwetu. Aliponiuliza, "Mwanangu, ile sauti ya mtoto wangu unayo?" nilimjibu nitaitafuta. Sikuwa na ujasiri wa kumwambia kwamba imefutika.

Nne zilizobaki ziko kwenye memori kadi. Nimeifunga kwenye nailoni, nikaiweka ndani ya kopo la maziwa ya unga, na nakala nyingine nimewapa vijana wawili wanaokaa mitaa tofauti. Wananitania kwamba nimekuwa mlinzi wa benki. Sawa.

Lakini zile tatu naamini bado ziko mahali. Tulikuwa tunarushiana nyimbo kwenye simu, na wengine wamehamia kambi nyingine, wengine wamepata safari ya mbali. Wewe unayesoma hapa, kama kwenye simu yako ya zamani kuna sauti ya msichana anaimba na gitaa moja tu, na nyuma yake mvua inapiga bati, usiifute. Niletee. Kuna mama anaisubiri.