Mwalimu wa Kuogelea

Jina la Johnny Weissmuller lajulikana na wengi, kwa kuwa sura yake ilionekana katika sinema kumi na mbili za Tarzan baina ya mwaka 1932 na 1948. Jina la William Bachrach, aliyemfundisha kuogelea, halijulikani ila kwa wachache. Si ajabu. Macho ya watazamaji hufuata povu, hayamfuati mtu aliyesimama ukingoni na saa mkononi. Lakini mimi hupendelea kumtazama mtu wa ukingoni.

Bachrach alizaliwa mwaka 1879, akafa mwaka 1959. Tangu 1912 hadi 1954 alifundisha kuogelea na polo ya majini katika Illinois Athletic Club, mjini Chicago. Miaka arubaini na miwili mahali pamoja! Alikuwa mtu mnene mno, na sauti yake ilikuwa amri.

Polo iliyochezwa Marekani mwanzoni mwa karne ile haikuwa mchezo wa kiungwana. Mpira ulitiwa pumzi nusu tu, upate kubanwa mkononi, na mchezaji aliruhusiwa kumkamata mwenziwe na kumzamisha. Aliyeingia humo ilimpasa ajue kustahimili bila pumzi, kisha aibuke upesi na kuinua kichwa auone mpira ulipo. Weissmuller naye aliogelea kifua juu na kichwa kimeinuka, akivuta pumzi upande wowote autakao. Sioni vigumu kuamini kwamba polo ilikuwa na sehemu yake katika mtindo huo.

Kijana huyu alifika kwa Bachrach mwaka 1920, umri wake miaka kumi na sita. Mwalimu hakumpeleka mashindanoni. Karibu mwaka mzima alimsahihisha mikono, miguu na pumzi, wala hakumwacha aone utamu wa kushinda, mpaka Agosti 1921. Hapo ndipo ninapomstahi Bachrach kuliko popote pengine. Kumzuia mwanafunzi mvivu hakuhitaji ujasiri. Kumzuia mwenye kipawa, na klabu ingali yangoja vikombe, ni jambo jingine. Tarehe 9 Julai 1922 Weissmuller aliogelea mita 100 kwa sekunde 58.6, akawa mtu wa kwanza kuupita mpaka wa dakika moja. Mwaka 1924, Bachrach akiwa mwalimu wa waogeleaji wanaume wa Marekani katika Michezo ya Olimpiki mjini Paris, kijana alipata nishani tatu za dhahabu za kuogelea, na ya shaba katika polo.

Huyo si mwanafunzi aliyenishangaza zaidi. Sybil Bauer, msichana wa Chicago, alifundishwa na Bachrach huyo huyo. Mwaka 1922, katika kisiwa cha Bermuda, aliogelea chali yadi 440 kwa dakika 6 na sekunde 24.8. Rekodi ya wanaume wakati huo ilikuwa dakika 6 na sekunde 28. Mwanamke akawa amewapita wanaume wote duniani, na hakuna aliyemtengenezea sinema. Mjini Paris alitwaa dhahabu ya mita 100 chali. Mwaka 1927 saratani ilimwua, naye alikuwa na miaka ishirini na mitatu.

Siwezi kuusifu mji wa Chicago kwa maji yake bila kutaja maji hayo yalikuwa ya nani. Tarehe 27 Julai 1919 kijana Mweusi wa miaka kumi na saba, Eugene Williams, alielea juu ya chelezo katika ziwa Michigan, akavuka mpaka usioonekana uliotenga Weupe na Weusi. Alitupiwa mawe, akafa maji. Fujo iliyofuata iliua watu thelathini na wanane. Katika ziwa hilo hilo Weissmuller alicheza utotoni mwake. Simshtaki Bachrach kwa jiwe asilolirusha. Nasema tu kwamba mwalimu humchagua mwanafunzi miongoni mwa wale waliokwisha ruhusiwa kuingia majini, na mlango wa klabu haukuwa wazi kwa kila kijana wa mji ule. Kisha, katika sinema zilizopigwa zaidi California, mwogeleaji yule akavikwa ngozi na kuitwa bwana wa msitu wa Afrika! Sisi wa pwani, ambao watoto wetu hufundishwa kuogelea na kaka zao na maji kujaa na kupwa, tuliambiwa tumshangilie.

Mwaka 1928, mjini Amsterdam, Bachrach aliongoza waogeleaji wa Marekani kwa mara ya pili, na Weissmuller akaongeza dhahabu mbili. Mwaka uliofuata kijana aliacha mashindano. Mzee alirudi ukingoni, akaendelea kufundisha watoto wa watu wengine kwa robo karne tena.