Mji Mkongwe kwa Jahazi: Saa Mbili za Wawili

Muulize mkazi yeyote wa Dar kama anaijua Zanzibar, atakujibu kwa kujiamini kabisa kwamba anaijua vizuri. Mchimbe kidogo. Utagundua anachokijua ni boti ya asubuhi, teksi ya kwenda Nungwi au Paje, picha tano za ufukweni na boti ya jioni ya kurudi. Mji Mkongwe wenyewe ameupita mbio na begi begani, akimkimbia papasi anayetaka kumwonyesha hoteli.

Sasa kwa wale wapendanao wanaotaka kutoka kidogo bila kumaliza mshahara, mimi nina pendekezo moja tu. Kabla hamjaenda huko ufukweni, upeni Mji Mkongwe jioni moja, na mwutazame mkiwa baharini. Mji ule ulijengwa ukitazama maji. Seyyid Said alipohamishia makao yake Unguja kutoka Omani, wageni wote wa maana walikuja kwa bahari: wafanyabiashara, mabalozi, manahodha waliofika na upepo wa kaskazi. Kwa hiyo majumba makubwa yalipangwa mstari mmoja ufukweni, yamevaa nguo za sikukuu, yakimsubiri anayekuja. Sisi tunaotembea vichochoroni tunayaona kwa mgongo.

Jahazi za matembezi ya jioni zinaondoka pale karibu na bustani ya Forodhani na upande wa Shangani. Mimi na mume wangu tulipanda Februari 2023, tukiadhimisha miaka minane ya ndoa. Hapa lazima nieleze jambo ili mnielewe. Mume wangu hapandi vyombo vya majini. Akiwa na kazi Zanzibar anakwenda kwa ndege, dakika ishirini, yamekwisha. Julai 2012, kabla hatujafahamiana, meli ya abiria iliyotoka Dar ilizama karibu na kisiwa cha Chumbe, na mwenzake wa ofisini, aliyekuwa anakaa meza ya jirani, alikuwamo. Hakurudi. Hilo nililijua tangu uchumba, na nilijua pia kwamba si jambo la kulizungumza. Hata mtoto wetu, Junior, mwenye miaka saba wakati huo, alikuwa hajawahi kupelekwa Zanzibar, kila mara kwa sababu mpya. Mara shule, mara mafua.

Kwa hiyo msifikiri nilimburuta. Tulikuwa tumekaa kwenye ukuta wa Forodhani tunawaangalia makachu, wale vijana wanaokimbia na kujirusha majini kwa mitindo ya kila aina, mwingine kichwa chini, mwingine anabiringika mara mbili hewani. Jahazi moja ikapita mbele yetu, tanga limejaa. Akaitazama mpaka ikapotea nyuma ya Shangani. Kisha akauliza, kama mtu anayeuliza bei ya nyanya: "Ile inachukua muda gani?"

Nikamjibu kwamba sijui, tukaulize. Basi.

Nahodha alikuwa mtu mzima, kofia ya kiua kichwani, kanzu ameiacha nyumbani, amevaa kikoi na fulana. Tukamwamkia, akaitikia marahaba, akamtazama mume wangu machoni na nadhani akasoma kila kitu. "Unaiogopa?" akamuuliza. Mume wangu akakubali kwa kichwa. "Vyema. Mie mwenyewe naiogopa. Asiyeiogopa bahari simpandishi chomboni mwangu." Akampa jaketi la kuokolea, akamfunga kamba zote tatu kwa mkono wake mwenyewe kama baba anayemfunga mtoto viatu, na hakuna aliyecheka.

Tulikuwa abiria wanane: sisi wawili, Wataliano wawili waliokuwa wameungua na jua, wasichana wawili wa Arusha ambao simu zao hazikupumzika hata dakika moja, na mzee mmoja wa Tanga na mkewe, kimya muda wote, wameshikana mikono. Tuliondoka saa kumi na moja. Ule ulikuwa msimu wa kaskazi, upepo unatoka kaskazini mashariki, kwa hiyo nahodha aliwasha mashine kwanza akatupeleka upande wa Malindi, juu ya upepo. Tulipofika huko akaizima, vijana wake wawili wakaivuta foromali mpaka juu ya mlingoti, tanga likafunguka kwa kishindo kimoja, halafu kukawa kimya. Hapo ndipo safari ilipoanza kwa kweli. Nawashauri mumuulize nahodha mapema kama tanga litapandishwa au mtazungushwa kwa mashine mwanzo hadi mwisho, maana wapo wanaofanya hivyo, na hapo mtakuwa mmelipia daladala.

Kutoka Malindi mji unapita mbele yako taratibu, na jua la jioni linaupiga usoni. Linaanza jengo la ile Zahanati ya Kale, alilolianzisha tajiri wa Kihindi Tharia Topan mwaka 1887, na roshani zake za mbao zilizochongwa kama kitambaa cha lesi. Unafuata Mti Mkubwa, ambao chini yake mafundi wamekuwa wakitengeneza vyombo miaka mingi. Halafu Forodha Kongwe, halafu Kasri. Hapa nahodha alituonyesha maji matupu mbele ya Kasri akasema, "Hapa palikuwa na meli." Meli hiyo ni Glasgow, iliyokuwa ya Sultani. Agosti 27, 1896, baada ya Khalid bin Barghash kujitangaza Sultani bila ridhaa ya Waingereza, manowari zao zilifyatua mizinga kutoka hapa hapa tulipokuwa tunaelea. Vita vyote havikufika saa moja. Khalid akakimbilia ubalozi wa Wajerumani, majumba yakabomoka, Glasgow ikazama, na milingoti yake ikabaki inachomoza juu ya maji mpaka 1912 mabaki yalipoondolewa. Fikiria wewe, miaka kumi na sita watu wanafungua madirisha asubuhi wanaiona.

Kisha unafika Beit al-Ajaib, na unanyamaza. Barghash aliijenga 1883, jengo la kwanza Zanzibar kuwa na umeme, na mnara wake wa saa ulikuwa ndiyo sura ya mji katika kila kadi ya posta. Desemba 25, 2020 mnara ule uliporomoka pamoja na sehemu kubwa ya mbele ya jengo. Jioni ile sisi tuliona pengo, kama jino la mbele lililong'oka. Tulipokuwa nchi kavu, kwa mabati na vizuizi, hatukulielewa pengo hilo. Baharini tulilielewa mara moja, kwa sababu jicho lilitafuta mnara na halikuupata.

Wapenzi wangu, kuna kisa kingine cha pwani hii ambacho naona kila wawili wangekijua kabla ya kupanda. Bibi Salme, binti wa Seyyid Said, alimpenda Heinrich Ruete, mfanyabiashara wa Hamburg. Kwa binti wa mfalme na kwa dini yake, hilo halikuwa jambo la kusamehewa. Mwaka 1866, akiwa mjamzito, alichukuliwa usiku na mashua hadi kwenye meli ya kivita ya Kiingereza, Highflyer, akaenda zake Aden. Aliyekuwa Sultani wakati huo ni kaka yake Majid, yule yule aliyeanzisha Dar es Salaam yetu. Salme na Heinrich wakaoana, wakaishi Hamburg, na mwaka 1870 Heinrich akafa kwa ajali ya tramu, akamwacha na watoto watatu wadogo katika nchi ya baridi. Aliporudi Unguja 1885, ndugu yake Barghash alikataa kumpokea. Naambiwa ni kisa cha mapenzi makubwa. Mimi nikiwa pale kwenye jahazi nilichofikiria zaidi ni yule mwanamke juu ya meli, anaitazama nyumba ya ndugu zake, na hiyo Beit al-Ajaib ambayo hakuiacha alipoondoka.

Nilimsimulia mume wangu. Alisikiliza huku mkono mmoja umeshika ubao kiasi kwamba vidole vimekuwa vyeupe. Tulikuwa tumeshapita Ngome Kongwe, tunaizunguka Shangani, na mbele yetu upande wa kusini bahari ilikuwa wazi. Akamuuliza nahodha Chumbe ipo wapi. Nahodha akanyoosha mkono kusini, hakuongeza neno. Na nahodha yule, nina hakika, alikuwa na ya kwake ya kusema, maana hakuna familia Unguja na Pemba ambayo haikuguswa na Septemba 2011 au Julai 2012.

Tukakaa. Baada ya muda mume wangu akasema, "Nilimwagiza halua."

"Nani?"

"Yeye. Aliniuliza nikuletee nini, nikamwambia halua. Nikampa na hela."

Mimi ndoa yangu ina miaka minane. Harusi ngapi tumekwenda, sahani ya halua inapita, mume wangu anaisogeza kwa jirani. Nilikuwa nikidhani ni sukari inamkera. Mama yake pia anadhani ni sukari. Sikumjibu kitu, na nafurahi kwamba sikumjibu. Makala za mapenzi, za kwetu zikiwamo, zinawafundisha wanawake maneno ya kumwambia mwanaume akifunguka. Pale sikuona neno lolote lenye kazi. Nilisogea karibu, jaketi langu likabanana na jaketi lake kama mito miwili, na hatukupendeza hata kidogo. Wasichana wa Arusha walitupiga picha kabla sijawazuia. Ninayo, na sitaichapisha.

Jua lilizama saa kumi na mbili na dakika arobaini hivi, nyuma ya vile visiwa vidogo, Bawe ikiwa nyeusi mbele ya rangi ya chungwa. Wataliano walipiga makofi, sijui walikuwa wanampigia nani. Nahodha akageuza, akawasha mashine, na tukarudi gizani polepole huku taa za Forodhani zinawaka moja moja na moshi wa mishikaki unatufuata hadi majini.

Kwa mnaotaka kwenda, haya ndiyo ninayoyajua. Desemba hadi Februari bahari upande wa mji huwa tulivu zaidi. Kusi likianza kuvuma katikati ya mwaka, mawimbi yanachangamka, na masika ya Machi hadi Mei mtalowana bure. Patana bei na nahodha au wakala mwenyewe mkiwa nchi kavu, na uliza kama ni ya kuchangia na wengine au mnakodi chombo kizima. Hesabu majaketi kwa macho yako, na mhesabu na watu. Kama majaketi ni pungufu shuka, hata kama umeshalipa, hata kama mpenzi wako atanuna. Viatu mtavivua maana mnapanda na kushuka mkikanyaga maji, kwa hiyo wewe dada wa sketi ya kubana, utajuta. Chukua kanga ya kujifunika, upepo wa magharibi unapenya. Simu usiiweke mfuko wa nyuma. Na mkishuka msikimbilie hotelini. Kaeni Forodhani mle urojo na juisi ya miwa, hiyo ndiyo nusu ya pili ya safari.

Sisi ndivyo tulivyofanya. Lakini kabla ya kula, vijana walipokuwa wanafunga kamba, mume wangu alibaki nyuma akizungumza na nahodha. Nikadhani anaongeza bakshishi. Niliposogea nikamsikia anauliza majaketi ya watoto yapo ya saizi gani, na nahodha anafungua sanduku chini ya tezi, anatoa moja dogo la rangi ya machungwa, analipima hewani kwa kiganja.

"Ana miaka mingapi huyo?"

"Saba."

"Litamtosha. Mlete kabla kaskazi halijakatika."