Mahali pa kutua mzigo: kutoka Sake hadi Walikale

Juma hili tunasafiri pamoja. Tunatoka Sake, tunapanda milima ya Masisi, tunashuka katika msitu wa Walikale. Na njiani tuulize swali moja: mama wa kwetu anapumzika wapi?

Sake iko karibu kilometa 25 magharibi ya Goma, kwenye kona ya ziwa Kivu. Hapo njia zinaachana. Moja inafuata ziwa kwenda Minova na Bukavu, nyingine inapanda Masisi. Ukipanda, baridi inakushika mapema. Unaona malisho ya ng'ombe, unaona maharagwe na viazi kwenye miteremko, na ukungu wa asubuhi. Jibini ya Masisi inajulikana hata Kinshasa. Mgeni akipita anasema: nchi nzuri namna hii!

Ni nzuri kweli. Lakini mwenye kuishi pale anaijua kwa miguu na mgongo. Shamba liko juu, maji yako chini, soko liko nyuma ya kilima kingine. Kila kazi ya mama ni kupanda ao kushuka. Asubuhi jembe, mchana kuni, jioni bidoni ya maji, usiku bugali na sombe, kisha mtoto anayekohoa. Miaka hii ya vita imeongeza mzigo mwingine. Wengi wamehama zaidi ya mara moja, wakilima mashamba ya wenyewe ili wapate chakula cha siku. Na usiku mama analala huku anasikiliza. Usingizi wa namna hiyo unamwacha mtu amechoka kuliko alivyolala.

Kwenye kilima kimoja nilikuta mama mzee amekaa chini kando ya njia. Mzigo wake wa muhogo ulikuwa umeegemea kwenye ukingo wa udongo, kamba ingali kwenye paji la uso.

— Koko, pole na mzigo.

— Asante, binti yangu. Kaa nawe.

Nikamwambia nina haraka. Akacheka. Akanionyesha ule ukingo: umelainika kwa migongo ya watu. Mama yake alikuwa anatua pale, na bibi yake pia. Urefu wake unafaa: mtu anaegemeza mzigo bila kuutupa, halafu anainuka nao bila kuomba msaada. Akasema: “Asiyetua hapa, ataanguka pale mbele. Tumeona wengi.”

Neno hilo nilitembea nalo. Hata lugha yetu inalijua. Tunasema kituo cha afya, kituo cha basi, na kituo kinatoka katika kutua. Wazee waliotengeneza njia walijua kwamba njia bila mahali pa kutua haifiki.

Pale Masisi-centre niliona mahali pengine pa kutua. Hospitali kuu ya Masisi inasaidiwa na madaktari wa MSF tangu mwaka 2007, na wamama wenye mimba ya hatari wamewekewa makao ya kungojea karibu na hospitali. Mwenye mapacha, aliyekwisha kupasuliwa, aliyepoteza damu nyingi mara ya mbele: anakuja kabla ya siku zake, anakaa, anangoja. Sababu iko wazi. Mama aliyepasuliwa zamani akishikwa na uchungu mbali, na barabara ni matope, tumbo la uzazi linaweza kupasuka kabla hajafika. Hapo kungoja ni dawa.

Lakini kungoja si kazi nyepesi. Mama mmoja alinieleza kwamba siku tatu za kwanza alilia. Mwili ulikuwa umekaa, moyo ulikuwa ungali shambani. Maharagwe yalihitaji palizi. Nyumbani aliacha watoto wanne, mkubwa ni binti wa miaka kumi. Alifunga kikwembe chake mara mbili ili arudi. Kilichomzuia ni habari iliyoletwa na jirani: wamama wa kikundi chake wamepalilia shamba lote kwa asubuhi moja, na binti anaenda masomo, kwa sababu shangazi yake amehamia nyumbani. Usiku ule, alisema, ndipo alilala kweli.

Wamama, tusikilize vizuri jambo hili. Tunasema kila mara: “Mama, pumzika.” Ni neno jema, lakini peke yake halichoti maji. Kila pumziko lina mtu anayelibeba. Mara nyingi anayelibeba ni binti mkubwa, na analilipa kwa masomo yake. Pumziko la mama lisikatwe katika daftari la mtoto. Ligawanywe kati ya watu wazima: baba, shangazi, mama mkwe, jirani, kikundi.

Kutoka Masisi njia inaendelea Nyabiondo, halafu Kibua, na inashuka. Baridi inabaki nyuma. Malisho yanaisha, msitu unafunga pande mbili, joto na unyevu vinapanda. Teritwari ya Walikale ni kubwa sana: zaidi ya kilometa za mraba 23,000, karibu mara tano ya Masisi. Walikale-centre yenyewe iko kwenye mto Lowa, katika barabara kuu ya Bukavu kwenda Kisangani. Huko mbali kuna sura nyingine. Kituo cha afya kinaweza kuwa safari ya siku nzima kwa miguu, kwa madaraja ya miti. Wengine wanafuata machimbo, na mama anabaki na shamba, watoto na wagonjwa.

Lakini pale pia wamama wanajua kutua. Jioni, mtoni, nilikuta wanne wamemaliza kufua. Hakuna aliyekimbia nyumbani. Walikaa miguu ndani ya maji, mmoja akimsuka mwingine. Nilipouliza, waliniambia ni kawaida yao: nusu saa ya mto. Aliye na mtoto mchanga anafuliwa na wenzake.

Kwenye pwani, Zanzibar na Mombasa, mama aliyezaa anatunzwa siku 40. Kwetu pia mzazi hakuachwa peke yake: alichotewa maji, alipikiwa, alikandwa. Basi kumpumzisha mama si desturi ya wageni. Ni yetu, nasi tumeiacha ipotee njiani katika kukimbia.

Naleta wazo moja kwa vikundi vyetu. Likelemba tunaijua: kila mmoja anatoa kidogo, na mmoja anapokea kwa zamu. Tufanye likelemba ya siku. Wamama sita, na kila juma mmoja anapewa asubuhi moja: wengine wanamchotea maji, wanamtafutia kuni, wanakaa na watoto. Yeye analala. Haombwi kueleza. Mwenye mimba ao aliyezaa karibuni aanze.

Na tuwe waangalifu. Uchovu mwingine hauishi kwa kulala. Mama anayechoka kila siku, anayezungushwa na kizunguzungu, mwenye viganja na midomo vyeupe, pengine amepungukiwa damu ao ana malaria. Mwenye mimba akiumwa kichwa kikali, akivimba uso na mikono, ao akitoka damu, asingoje zamu. Aende kituo cha afya siku ileile. Na aliyejaa huzuni, asiyeona tena sababu ya kuamka, asiitwe mvivu. Mmoja wetu akae naye, amsindikize.

Niliporudi nilipita tena kwenye kile kilima. Koko hakuwapo. Nilitua mfuko wangu pale, ingawa haukuwa mzito. Chini yangu wamama watatu walikuwa wanapanda, wameinama, kamba kwenye paji la uso. Walipofika, nikasogea ili wapate nafasi.

Katika mkutano wa juma lijalo, kila kikundi kijibu: kwetu, mahali pa kutua ni wapi? Na kama hapapo, nani ataanza kupachimba?