Kamera Iliyotoka Nje Pamoja Nao



Baadhi yenu mwatuuliza jinsi mtu awezavyo kuwa mpiga picha za filamu pasipo studio wala fedha nyingi. Twapenda kuwaeleza habari za Dieudo Hamadi, aliyezaliwa Kisangani mwaka 1984. Alisoma kwanza utabibu, kisha akajifunza kutengeneza filamu za maisha halisi. Na mara nyingi hushika kamera yeye mwenyewe.

Katika filamu yake Examen d'État, ya mwaka 2014, twawaona wanafunzi wa Kisangani wakifukuzwa darasani kwa kukosa fedha za walimu. Kamera ingeliweza kubaki ndani pamoja na wenye kulipa. Inatoka nje na waliofukuzwa, inawafuata mpaka nyumba wanamokutana ili kujitayarisha wao kwa wao kwa mtihani wa taifa. Hata wanapotafuta hila za kupata majibu, haiwafichi wala haiwadhihaki.

Sisi tulio walimu tuliitazama filamu hiyo kwa uzito wa moyo. Mshahara usipotosha, nasi tumesoma majina asubuhi na kuwaambia wadeni watoke. Twamkumbuka kijana aliyesimama nje ya dirisha, akinakili somo kutoka ubaoni. Tulimwona, tukaendelea kuandika, hatukumwita aingie.

Hapo tulifahamu ugumu wa kazi hiyo. Kupima mwanga na kutuliza mkono hufundishika upesi. Kukaa na watu hata waizoee kamera huhitaji siku nyingi. Kwa ajili ya En route pour le milliard, iliyochaguliwa na tamasha la Cannes mwaka 2020, Hamadi aliwafuata kwa mashua, kwenye Mto Kongo hadi Kinshasa, majeruhi wa Vita vya Siku Sita vilivyopiganwa Kisangani mwaka 2000. Walikwenda kudai fidia. Miongoni mwao wamo waliopoteza miguu. Safari yao ilikuwa safari yake pia.

Ninyi mna simu zinazopiga picha, nasi twawaona mkiziinua upesi ajali itokeapo barabarani. Mwulizeni kwanza aliyeanguka jina lake, mkae naye mpaka apate msaada.

Nasi tunayo kazi yetu. Orodha ya wadeni ya juma hili ingali mezani. Kabla ya kuisoma darasani, tumeamua kuzitembelea nyumba zao.